Kidole Pembeni mwa Mdomo

Nilipokuwa mtoto wa miaka tisa nilikuwa na nyuso nyingi kuliko nguo. Nguo zilikuwa mbili, sare ya shule na gauni la mengineyo, lakini nyuso hazikuwa na idadi. Nilikuwa na uso wa balozi wetu wa nyumba kumi akisoma barua ya chama asiyoielewa, midomo ikitangulia na macho yakibaki nyuma. Nilikuwa na uso wa mwalimu wa hesabu akizuia kupiga chafya kwa vumbi la chaki. Nilikuwa na uso wa mama yangu akiambiwa dukani kwamba sukari imekwisha, ule wa kuvuta mashavu ndani na kutazama pembeni kana kwamba hata hakuja kutafuta sukari. Huo niliufanya mama akiwa mbali tu. Wenzangu kisimani walikuwa wakinihonga korosho za kuchoma niwafanyie huu au ule, nami nilikuwa sikatai.

Siku hizi nikikaa na watu wanaokumbuka utoto wao kwa raha, miguu yangu huanza kucheza chini ya meza. Mimi utoto wangu nikiukumbuka huwa situlii. Nitaeleza kwa nini, na nitajitahidi nisijipendelee.

Kijiji chetu kilikuwa kipya, kusini ya Mtwara, upande wa Kilambo. Ukitoka alfajiri kwa miguu, ulifika mto Ruvuma kabla jua halijawa kali. Ilikuwa miaka ile ya kuhamishiwa vijijini. Nyumba zilipangwa kwa mistari iliyonyooka, kila moja na uwanja wake, na mabua ya uzio yalikuwa bado mabichi. Jirani hukumchagua. Ulipangiwa, ukamkuta, ukamsalimia. Sisi tulipangiwa Bi Rozalia.

Bi Rozalia alikuwa mwanamke wa makamo, Mkristo katikati ya Waislamu sisi, aliyevuka mto kutoka ng'ambo wakati wa vita vya Msumbiji. Alikaa peke yake. Kwenye paji la uso alikuwa na chale za zamani, kama walivyokuwa nazo wanawake wengi wa rika lake, na hizo hazikumshtua mtu. Kilichoshtua ni upande wa kushoto. Shavu lile lilikuwa limeungua zamani, na ngozi ilipopona ilijikunja ikavuta pembe ya mdomo juu, kuelekea sikioni. Kwa hiyo alionekana anacheka nusu. Alichota maji akicheka nusu, akafagia akicheka nusu, akaumwa malaria akicheka nusu. Wengine walisema aliungua kwa mafuta ya maganda ya korosho yaliyoruka motoni, wengine wakasema ni bomu la Mreno. Sikumbuki hata mtu mmoja aliyemwuliza mwenyewe.

Nyumbani tulikuwa mimi, mama, na Bibi mzaa baba. Baba alikuwa kibarua bandarini Mtwara na alikuja mwisho wa mwezi. Bibi ndiye aliyenilea. Aliniita "mke mwenzangu", kwa utani wa bibi na mjukuu, na akiwa na furaha alinidai nimwachie mume wake, yaani babu, ambaye alikuwa amekwisha kufa kabla sijazaliwa.

Bibi aliamini kwamba uso una sheria zake. Ukope wa chini ukicheza, utalia. Ukope wa juu ukicheza, utamwona mtu uliyepoteana naye. Mtoto mchanga akicheka usingizini, usimwamshe, ana wageni wake. Lakini sheria iliyokuwa kubwa kuliko zote aliniwekea mimi peke yangu, kwa sababu ya tabia yangu. Usiige uso wa mtu saa ya jua la utosi, wakati kivuli chako kimeingia chini ya nyayo.

"Upepo wa nchana hauna nzaha, nke mwenzangu," alikuwa akiniambia, kwa Kiswahili chake cha Kimakonde. "Ukikukuta umepinda, unakuacha umepinda."

Nami nilimwitikia kwa adabu, kisha nikaenda nyuma ya nyumba kumwiga akisema hivyo.

Mwaka ule, korosho zilipoanza kudondoka, alikufa Mzee Hamisi aliyekuwa akipima korosho kwenye ghala la kijiji. Alikuwa mtu wa watu, kwa hiyo msiba ulijaa. Na walikuja watani. Kwa msomaji asiyekulia kwenye mambo haya, watani ni watu wa kabila au ukoo ambao mna haki ya kufanyiana mzaha hata penye kilio, na msibani ndiyo kazi yao hasa. Walizuia jeneza lisitoke mpaka wapewe chochote. Mmoja wao, mama mnene mwenye sauti ya kiume, alivaa koti la marehemu akatembea kama Mzee Hamisi, mguu mmoja ukiburuta, akakunja jicho kutazama mizani isiyokuwepo. Watu walicheka huku kamasi zikiwatoka. Mjane mwenyewe alicheka, kisha akalia zaidi, na wanawake wakasema ni vizuri, imemtoka.

Mimi nilikuwa nimesimama na mdomo wazi. Huyu mama alikuwa anaandaliwa ubwabwa kwa kazi ileile niliyokuwa nikichapiwa mimi! Niliapa kwamba nikikua nitakuwa mtani wa dunia nzima.

Ndipo nikamwona Bi Rozalia. Alikuwa ameleta mzigo wa kuni, kama jirani mwema, akakaa pembeni ya wanawake wengine karibu na majiko. Maiti ilipobebwa na vilio vikapanda, alijifunika macho kwa ncha ya khanga. Chini ya khanga mdomo wake ukapanda, ukapanda, mpaka meno ya upande yakaonekana. Mabega yalikuwa yakimtikisika.

"Anacheka yule," mwanamke mmoja akasema.

"Na si mtani wetu," mwingine akajibu.

Nikamsikia Bibi akimwambia mama, kwa sauti ya chini, kwamba msibani kucheka ni kwa mtani, na asiye mtani akicheka basi ana lake na marehemu. Sikuelewa vizuri, ila niliona namna wanawake walivyosogeza mikeka yao. Kufika jioni Bi Rozalia alikuwa amekaa peke yake na masufuria.

Siku ya nne tangu mazishi tulikuwa kisimani, mimi na wasichana wanne. Jua lilikuwa la utosi, sina haja ya kusingizia kwamba sikuliona. Kivuli changu kilikuwa kimeingia chini ya miguu na niliona kimeingia. Mmoja akaniambia, "Hawa, tufanyie Bi Rozalia msibani." Nikajifunika macho kwa kitambaa cha kichwa, nikauvuta mdomo wa kushoto mpaka ukauma, nikatikisa mabega. Wakacheka hata ndoo ikamwagika. Nikarudia. Kisha nikasikia kwamba nacheka peke yangu.

Niligeuka, uso wangu bado umepinda vilevile. Bi Rozalia alikuwa amesimama hatua tatu kutoka kwangu, na ndoo mkononi. Tukatazamana kwa uso mmoja. Nilipaswa kusema shikamoo, na sikusema. Pembe ya mdomo wake ilipanda juu zaidi kidogo, na jicho la upande ule likatoa maji. Kisha akainama, akachota, akajitwika, akaondoka bila kumwaga tone.

Nilikimbia mpaka nyumbani. Siku mbili zilipita sikulala vizuri wala sikukaa mahali pamoja. Asubuhi ya siku ya tatu mama alinipa uji, na uji ukatoka pembeni mwa mdomo ukateremka mpaka kifuani.

"Kunywa vizuri," mama akasema.

Nilijaribu tena, ukatoka tena. Bibi akaweka chini ungo wake. Akanishika kidevu.

"Funga macho."

Nikafunga. Moja likafunga, jingine likabaki likimtazama.

"Cheka."

Nikacheka, kwa kadiri nilivyoweza. Upande wa kulia ulikwenda na wa kushoto ukabaki umelala kama kitambaa kilicholowa. Bibi hakupiga kelele. Alikaa chini, miguu mbele, jinsi wanavyokaa wanawake waliopewa habari ya kifo.

"Umemwiga nani?" akaniuliza.

Nilinyamaza. Lakini wasichana wanne hawanyamazi, na kabla ya adhuhuri mstari wetu wote wa nyumba ulijua nilimwiga nani, wapi, na kwamba mwenyewe aliniona.

Mama alinibeba mgongoni mpaka zahanati, ingawa miguu yangu haikuwa na kasoro yoyote. Mganga wa zahanati alikuwa kijana Mkristo aliyeletwa na serikali kutoka bara. Alinitazama akasema mshipa wa uso umepooza, hutokea, utarudi wenyewe baada ya wiki kadhaa. Nikandwe kwa maji ya moto na jicho lifunikwe lisiingie vumbi. Mama alishukuru kwa heshima zote. Njiani kurudi alisema kijana yule hana hata ndevu, atajua nini mambo ya huku.

Kesho yake nilikuwa uani kwenye mkeka, karibu na makopa ya muhogo yaliyoanikwa, nikiwa na kikombe cha maji nisichoweza kunywa. Kiu ilikuwa kali. Kila nilipojaribu maji yalinilowesha, na nilikuwa nalia kwa hasira. Mama alikuwa jikoni akitwanga. Nikasikia mtu ananiita taratibu kutoka upande wa pili wa uzio.

"Ntoto. We ntoto."

Alikuwa Bi Rozalia. Hakuingia. Alisimama pale penye mwanya wa mabua, akaweka kidole cha shahada pembeni mwa mdomo wake, ule upande mbovu, akaubana. Kwa mkono wa pili akashika kikombe kisichokuwepo, akakiinua, akameza. Akanitazama. Akarudia tena polepole, kidole, kikombe, kumeza.

Kinu kikanyamaza. Mama alikuwa mlangoni na mchi mkononi.

"Anamwiga!" mama akapiga ukelele. "Jamani njooni mwone! Amenimalizia mtoto na sasa anakuja kumwiga!"

"Mama Hawa, namwonyesha maji, ntoto hawezi…"

"Toka! Toka kwenye uzio wangu!"

Majirani walitokeza. Waliona mwanamke mwenye uso uliopinda, kidole bado kiko mdomoni, na mtoto mwenye uso uliopinda akimtazama. Sidhani kama walihitaji kuona kingine. Bi Rozalia alishusha mkono akaenda zake.

Jioni ile, kiu ilipozidi, niligeukia ukuta. Nikaweka kidole pembeni mwa mdomo, nikaubana, nikainua kikombe. Maji yalikaa. Yote yalikaa, hakuna tone lililotoka. Nilikunywa vikombe vitatu mfululizo mpaka tumbo likaniuma, na tangu hapo kila nilipokunywa nilimpa mama mgongo. Kwa hiyo nilijua. Nataka hili lieleweke kabla sijasema yanayofuata. Nilikuwa na miaka tisa, lakini nilijua.

Ijumaa, baada ya swala, balozi aliita watu wa mstari wetu kwenye ghala la kijiji. Balozi huyo, Mzee Bakari, alikuwa mtu mwoga mwenye sauti kubwa. Alianza kwa kusema kwamba chama hakitambui uchawi, na kwamba asimsikie mtu akilitaja neno hilo, tumekutana kwa ajili ya ujirani mwema tu. Kisha wakazungumza uchawi kwa muda mrefu bila kulitaja. Walitaja kicheko cha msibani. Walitaja kisima. Mama alisimama akaeleza kuhusu uzio, na sauti yake ilitetemeka kwa kweli, hakuwa anaigiza. Mama aliniogopea. Nimekuja kuwa na watoto wangu na sina ubavu wa kumlaumu.

Bi Rozalia alikaa kwenye gunia tupu karibu na mlango, mikono kwenye mapaja. Mjadala ulikuwa mmoja tu, abaki au aondoke, na kila mtu mle ndani alijua hilo, pamoja naye.

Bibi akasimama. Sikutarajia.

"Kosa la ntoto," akasema. "Mie nilimwonya kwa kinywa changu. Nilimwambia usiige nyuso za watu jua la utosi, akaiga. Upepo umempiga. Hapa hakuna ntu mwingine. Nchapeni huyu, mie nitamtafutia dawa, yaishe."

Nilimchukia kwa kunitoa hivyo mbele ya watu. Ilinichukua miaka kuelewa kwamba alikuwa akijaribu kumwokoa jirani kwa silaha pekee aliyokuwa nayo. Lakini watu waligunaguna. Mmoja alisema hata upepo hutumwa. Wakamkubalia.

Mzee Bakari akaniita mbele. "Hawa, mwanangu, usiogope. Siku ile kisimani, huyu mama alipokuona, alikutazamaje?"

Nilifikiri. Kama ningesema alikasirika, basi alinilaani. Kama ningesema alicheka, basi ni yaleyale ya msibani. Na kama ningesema alilia, nani angeniamini, hata mimi mwenyewe nilikuwa sijaamini. Nikasema nilichokiona.

"Alicheka."

Ghala zima likavuta pumzi.

"Na alipokuja uani kwenu alifanya nini?"

Jibu nilikuwa nalo. Alinifundisha kunywa maji. Maneno matatu tu, na yalikuwa tayari mdomoni. Lakini nilimtazama mama, na uso wa mama niliujua kuliko uso wowote duniani, niliuiga kila siku. Mashavu yalikuwa yamevutwa ndani. Macho hayakutazama pembeni safari hii, yalinitazama mimi. Uso ule ulikuwa unaniambia sema, mwanangu, sema tuondokane na hili. Nikautii.

"Aliniiga," nikasema.

Bi Rozalia aliinua kichwa. Alinitazama tu, na mimi nikaanza kulia. Nililia kwa nguvu, kilio cha mtoto aliyekamatwa, na kwa kuwa upande mmoja wa uso ulikuwa umelala, upande wa pili ulivuta mdomo wote juu.

"Anacheka!" mtu akasema nyuma yangu. "Tazameni, na huyu anacheka!"

Watu walirudi nyuma. Hata mama alirudi hatua moja, nami niliiona hatua ile. Bibi peke yake ndiye aliyekuja. Alinishika kidevu, akanigeuzia kwenye mwanga wa mlango, akanitazama kwa karibu sana mpaka nikasikia harufu ya ugoro wake.

"Analia," akasema. "Ntoto analia huyu. Hamwoni? Analia."

Kisha, mkono bado uko kidevuni mwangu, akamgeukia Bi Rozalia. Uso aliokuwa nao Bibi wakati ule nimeujaribu mara nyingi mbele ya kioo, nikiwa msichana na hata nikiwa mtu mzima, na sijaupata.

"Dada," Bibi akasema, "siku ile ya nsiba wa Hamisi…"

"Nilikuwa nalia," Bi Rozalia akajibu. "Alikuwa akinisalimu kila siku."

Ningependa kuandika kwamba hapo watu waliona aibu, wakamwomba radhi, tukarudi nyumbani. Baadhi waliona aibu kweli, nilizijua nyuso zao. Lakini neno lilikwisha kutoka kinywani mwangu, na watu waliokwisha kuogopa hawapendi kuambiwa waliogopa bure. Mzee Bakari alikohoa, akasema amesikia pande zote, na kwa ajili ya amani mama huyu atapewa kiwanja kingine, mwisho wa kijiji, kule nguruwe pori wanakoharibu mihogo.

"Msinipe," Bi Rozalia akasema. "Ng'ambo wamekwisha pata bendera yao. Watu wanarudi. Nami nitarudi."

Hakusema kama huko alikuwa na mtu wa kumpokea. Sijui mpaka leo, na ni moja ya mambo yanayonifanya niamke kitandani nikapange vyombo ambavyo vimekwisha kupangwa.

Aliondoka baada ya wiki mbili. Bibi alinichukua tukamsindikiza mpaka Kilambo, Bibi na mfuko wa makopa kichwani, Bi Rozalia na mzigo wake, mimi nyuma nikihesabu hatua zao. Wale wawili walizungumza Kimakonde njia nzima kama watu waliofahamiana zamani. Sikuweza kuwasamehe kwa hilo. Kama waliweza kuzungumza hivyo, kwa nini walingoja?

Uso wangu ulikuwa umeanza kurudi. Jicho lilifunga, na midomo iliweza kutamka. Pale mtoni walikuwepo watu wengi na mafurushi yao, wakisubiri zamu ya mitumbwi, watoto wakilia kwa jua. Bibi akanisukuma mbele.

"Nsalimie."

"Shikamoo, Bibi," nikasema.

"Marahaba, ntoto. Umepona?"

"Nimepona."

Yale maneno matatu nilikuwa nayo. Nilikuwa nimeyarudia njia nzima. Nikafungua mdomo, na mwenye mtumbwi akaita, na Bi Rozalia akajitwika mzigo. Alipokwisha kukaa mtumbwini alitoa kibuyu chake. Mtumbwi ukaanza kusogea. Akaweka kidole pembeni mwa mdomo, akaubana, akanywa, na muda wote aliokunywa alikuwa ananitazama.

Sasa, hapo alikuwa akisema nini? Nimejiuliza kwa miaka yote hii. Pengine alikuwa ananikumbusha nilichomfanyia. Pengine alikuwa ananiaga kwa kile kitu kimoja tulichokijua sisi wawili tu. Pengine alikuwa na kiu, jua lilikuwa kali, na ndivyo alivyokunywa siku zote. Mdomo wake ulikuwa umepanda, lakini huo ulikuwa umepanda siku zote.

Bibi hakuniuliza kitu tukirudi. Tangu siku ile mpaka mvua zikakatika hakuniita mke mwenzangu, aliniita kwa jina langu. Upepo wa mchana aliendelea kuuamini mpaka kufa kwake, na sikumbishia. Alinionya, na lilitokea. Mganga wa zahanati naye alisema kweli. Nimeshindwa kumwondoa mmoja wao, nimewaacha wakae wote.

Uso wangu haukurudi wote. Daktari mmoja mjini Mtwara alinieleza nikiwa mtu mzima kwamba mishipa iliporudi, mingine iliingia nyumba zisizo zake. Nilicheka, nikamwambia hata sisi tulihamishwa hivyohivyo. Ndiyo maana nikifumba macho kwa nguvu, pembe ya mdomo wa kushoto hupanda. Nikilia, watu huona nacheka. Na kuiga niliacha. Sikuacha kwa nadhiri, hamu tu ndiyo ilikatika.

Bibi alifia Likombe, mjini Mtwara, kwa shangazi, akiwa mzee sana. Nilitoka Chuno ninakoishi nikaenda kukaa msibani na wanawake. Walipombeba nilijifunika macho kwa khanga, nikalia kama sijawahi kulia, na nikausikia mdomo wangu ukipanda. Sikuuzuia. Nilipofumbua macho nikamwona mtoto wa kike, wa miaka minane au tisa, wa jamaa wa mbali, amesimama mbele yangu. Alikuwa amevuta mdomo wake wa kushoto juu. Alikuwa akiupata uso wangu vizuri sana. Alipoona nimemwona akakimbilia kwa mama yake, akamnong'oneza, na mama yake akanitazama mara moja akasogeza mkeka.

Nilibaki kwenye mkeka wangu. Ningeweza kukaa hivyo mpaka watu watawanyike, nina uzoefu wa kukaa hivyo. Badala yake nikainuka, nikachukua kikombe cha maji kwenye mtungi, nikaenda kukaa kwenye mkeka wao bila kukaribishwa.

"Nilikuwa nalia," nikamwambia yule mtoto, mbele ya mama yake. "Bibi yangu amekufa, nami nilikuwa nalia. Uso wangu uliharibika nikiwa kama wewe. Na mwanamke mmoja alinifundisha kunywa maji."

Nikayasema yale maneno matatu. Yalitoka yote, kwa mtu asiyehusika, nimechelewa miaka isiyohesabika. Kisha nikamwonyesha, kidole pembeni mwa mdomo, nikanywa.

Mama yake aliomba radhi kwa haraka haraka. Mtoto aliinua kidole chake cha shahada, akakiweka pembeni mwa mdomo wake mzima, akaubana, huku akinitazama. Sikujua kama ananidhihaki au anajifunza. Nikamsogezea kikombe.